Goti la Angelina

Kasaine alimleta mkewe mgongoni, kutoka barabara kuu hadi uani kwa Bibi Brigita kule Daa, asubuhi jua likiwa limeanza kukaza. Angelina alikuwa ameuma pindo la khanga ili asilie. Kijana akamshusha polepole kwenye mkeka, akavua shuka yake moja, akaikunja na kuiweka chini ya mguu, akawa anaisogeza huku anamtazama mkewe usoni, mara juu, mara chini, mpaka akaona uso umelegea. Ndipo akaiacha hapo, chini ya shavu la mguu. Kisha akanyanyuka, akarudi nyuma hadi kwenye zizi la mbuzi, akakaa juu ya gogo, uso ameuelekeza barabarani.

Brigita alimkaribisha ndani. Kijana akajibu bila kumtazama kwamba hapo panatosha. Bibi akampelekea chai ya maziwa. Kijana akasimama kabla hajafikiwa, akasogea kando, akaomba kikombe kiwekwe tu juu ya jiwe. Bibi akakiweka. Aliporudi jikoni akachungulia dirishani. Kikombe kilikuwa palepale kikipoa, na Kasaine hakukigusa mpaka alipodhani hakuna mtu anayemwona.

Mtu anayeogopa chai ya bibi wa mkewe ana jambo, Brigita aliwaza.

Aliuliza kilichotokea. Angelina akasema walikuwa wanarudisha ndama bomani kule Endulen, mguu wake ukazama kwenye shimo la mnyama, ukajipinda. Baadaye Brigita alimwuliza Kasaine, yeye yuko mlangoni, kijana yuko zizini, wakisemezana kwa sauti kama watu walio ng'ambo mbili za korongo. Kijana naye akasema walikuwa wanarudisha ndama bomani, mguu ukazama kwenye shimo la mnyama, ukajipinda. Maneno yale yale, kwa mpangilio ule ule. Brigita alikuwa amelea watoto wake na wa wenzake, na alijua kwamba watu wawili walioona jambo moja kwa macho yao hubishana. Mmoja atasema ndama walikuwa wamefika getini, mwingine atasema hapana, walikuwa bado kwenye majani. Wasiobishana ni wale waliopatana njiani.

Angelina alikuwa mtoto wa binti yake marehemu. Brigita alimlea tangu anatambaa, akamsomesha, akamfundisha kupalilia maharage bila kugusa mizizi. Kijana wa Kimaasai alipokuja na wazee wake kuposa, ni yeye Brigita aliyekaa mbele ya ukoo na kusema mwacheni aende, msichana amependa. Wapo waliomlaumu. Walisema kule juu kuna baridi na maji ya mbali, na kwamba mtoto wa mkulima hatajua kuishi na watu wa ng'ombe. Alizipokea lawama zile kimya. Sasa zilimrudia moja moja, wakati anakanda goti lile kwa maji ya chumvi na kuliona limejaa kama boga changa.

Basi akaamua moyoni. Ikiwa Kasaine amempiga mjukuu wake, Angelina harudi Endulen. Ng'ombe wa mahari wanajulikana walipo. Isaya, shemeji yake, ndiye mkubwa wa ukoo, naye atawakusanya na kuwarudisha. Alimpigia Isaya simu amweleze akae tayari, asiulize mengi kwa sasa. Isaya hakuuliza. Alisema tu kwamba ng'ombe wawili wameshazaa, kwa hiyo maneno yatakuwa marefu.

Mashaka hayo hakuyazaa peke yake. Fabian, mwanawe wa mwisho, alisaidia kuyalea. Fabian alikuwa dereva wa watalii, anaingia na kutoka Ngorongoro karibu kila siku. Zamani pombe ilikuwa imemshika, akafukuzwa kazi. Brigita alikwenda mwenyewe kumwombea kwa tajiri wake, na mwana akaapa mbele ya padri kwamba hatagusa tena. Tangu hapo alikuwa faraja ya mama yake. Jioni ile alipiga simu kuuliza hali ya Angelina, akasema yuko safarini, hawezi kufika.

"Mama, mimi sisemi kitu," alisema. "Ila mwulize vizuri huyo mkwe wako. Wale rungu lao si pambo."

Brigita alimwuliza amepata wapi habari za Angelina, maana hakuwa amemwambia mtu zaidi ya Isaya. Fabian alisema Angelina mwenyewe alimtumia ujumbe. Bibi akaridhika. Baada ya kukata simu alikaa kitandani anaangalia ukuta, na neno rungu likakaa naye.

Siku zilizofuata alimchunguza kijana kama mtu anayetafuta mawe kwenye mchele. Aliona mema, kwa sababu ndivyo alivyoumbwa, mema hayakumpita. Aliona ua wa nyuma uliokuwa umelala umesimamishwa kabla yeye hajaamka. Aliona jembe lake limenolewa, ndoo zimejaa maji, kigoda chake kimehamishiwa kivulini. Hakuna aliyeomba. Lakini alikuwa ameishi muda mrefu katikati ya wake za watu, na aliwakumbuka wanaume waliokuwa wakipasua kuni kwa bidii kesho yake baada ya kumtandika mtu. Wema wa namna hiyo una haraka. Na huyu alikuwa na haraka. Kila Brigita alipotokea, aliacha alichokuwa akifanya, akajifunika nusu ya uso kwa shuka na kuondoka upande wa pili. Hata kula hakula mbele yake. Brigita alijaribu kumtania, kama bibi yeyote anavyomtania mume wa mjukuu wake. Alimwita "mume wangu mdogo," akamwambia kama Angelina amemchosha basi amwoe yeye, bado ana meno. Majirani waliokuwa wakipita walicheka. Kasaine aliinamisha kichwa kana kwamba ametukanwa, akaenda kuangalia mbuzi ambao hawakuwa na shida yoyote.

Goti halikupungua. Angelina aliweza kusimama, lakini akishuka ngazi ya jikoni mguu ulimsaliti, ukamtoka chini yake. Muuguzi wa zahanati, waliyempitia siku ya pili, alikuwa ameuvuta kidogo, akasema kano ya mbele imekatika, aende hospitali, huenda akapasuliwa. Brigita hakulala vizuri. Alfajiri akaita bajaji.

Kasaine alimbeba mkewe akampandisha, akafunga mlango wa turubai upepo usimpige. Brigita alimwambia aingie, nafasi ipo. Akasema atafuata na bodaboda. Nafasi ilikuwepo kabisa, hata mtu wa nne angekaa.

Njiani Brigita alimshika mjukuu wake mkono. Alimwambia kwa sauti ya chini kwamba yeye si mtu wa kumhukumu mtu, ila akimwambia ukweli ataubeba. Angelina alitazama mashamba ya ngano yakipita. Alisema, "Bibi, ni shimo." Mkono wake ulikuwa umelowa jasho.

Hospitalini walipokelewa na daktari wa mifupa aitwaye Inosenti, mtu wa makamo kutoka Endamarariek, aliyemsalimu Brigita kwa Kiiraqw, lugha ya kwao wote wawili, kwanza ndipo akarudi kwenye Kiswahili. Brigita alipenda kwamba kabla ya kumgusa mgonjwa alisugua viganja vyake vipate joto. Daktari aliuliza kisa. Angelina akasema la ndama na shimo. Daktari akaitikia, akauliza kama alisikia kitu kikilia ndani ya goti, kama lilivimba saa ile ile au kesho yake, kama mtu mwingine alikuwepo aliyeona mguu ulivyokaa wakati wa kuanguka.

"Mume wangu alikuwepo," Angelina alisema.

Daktari akamfungulia Kasaine mlango, akamwomba aingie aeleze alichoona. Kijana alikuwa amesimama ukutani. Akatupa jicho ndani, akaona mkewe kitandani, khanga imepandishwa hadi pajani, na Brigita kwenye kiti pembeni. Akageuza uso upesi.

"Mama akitoka, nitaingia," alisema.

Brigita alijikaza kitini. Kwa hiyo ndivyo. Anataka abaki na msichana peke yake, asikie atakachosema, amkazie macho.

"Sitoki," alisema. "Nimemlea huyu. Niko hapa."

Kasaine hakubishana. Alirudi ukutani. Daktari aliwatazama wote wawili, akafunga mlango taratibu, akamwuliza Angelina kama angependa bibi naye asubiri nje. Angelina alitikisa kichwa, akaomba bibi abaki. Brigita akavuta kiti karibu zaidi.

Jambo la kwanza lililomshangaza ni kwamba daktari alianza na mguu mzima. Aliukunja, akaunyoosha, akauminya kandokando, akauvuta. Brigita alivumilia, kisha akamwambia kwa adabu kwamba mwanangu, unaouma ni huo mwingine. Alishaanza kumtilia shaka na yeye. Daktari hakukasirika. Alimwambia kwamba magoti ya watu hayafanani. Wapo waliolegea tangu kuzaliwa na wapo waliokaza, na njia pekee ya kujua goti la Angelina lilikuwaje kabla ya kuumia ni kuliuliza lile la pili.

Halafu akahamia kwenye lililovimba. Alipapasa pembeni mwa kifuniko cha goti, akasukuma maji yaliyokuwa ndani yakahama upande mmoja kwenda mwingine. Alishika paja kwa mkono mmoja na muundi kwa mkono mwingine, goti likiwa limekunjwa kidogo tu, akavuta kwa mshtuko mdogo huku amefumba macho. Aliusukuma mguu kwa ndani, kisha kwa nje, kuona kama kano za pembeni zimeshika. Kila mara alimwambia Angelina kabla ya kufanya, na kila mara alisubiri aitikie. Mwishowe akamwomba akunje magoti yote mawili, nyayo zikiwa juu ya kitanda. Akakalia kidogo ncha ya mguu mbaya usiteleze, akaushika muundi kwa mikono miwili chini ya goti, akavuta.

Mfupa ukaja mbele. Hata Brigita aliuona.

"Ndivyo alivyosema yule muuguzi," alisema. "Ya mbele imekatika."

Daktari aliinamisha kichwa kama anayekubali. Kisha akaacha. Akanyanyuka, akaenda upande wa dirisha, akachuchumaa mpaka macho yake yakawa sawa na magoti ya Angelina, akatazama kwa muda bila kugusa kitu. Akamwita Brigita aje achuchumae pale. Brigita akashika ukingo wa kitanda, akainama.

"Angalia chini ya kifuniko cha goti," daktari alisema. "Huku, mfupa wa muundi umetokeza kidogo mbele. Na huku?"

Huku kulikuwa na bonde. Muundi wa mguu mbaya ulikuwa umezama nyuma, kana kwamba mtu ameusukuma ndani na kuusahau.

Daktari alieleza kwa upole. Ni sawa na droo iliyosukumwa ndani kupita mahali pake. Ukiivuta inakuja, nawe unadhani imelegea kwa mbele, kumbe inarudi tu ilipotakiwa kuwa. Yeye mwenyewe, alisema, alikaribia kudanganyika sasa hivi. Kano ya mbele ipo, alikuwa ameisikia ikikaza. Iliyoumia ni ya nyuma. Alimwomba Angelina asukume wayo kama anayetaka kuutelezesha kitandani, na mbele ya macho yao muundi ukapanda wenyewe, bonde likajaa, kisha akalegeza na bonde likarudi.

"Nani alikwambia uweke nguo chini ya shavu la mguu unapolala?" aliuliza. Shuka ile ilikuwa imekuja nao, imekunjwa vile vile.

"Mume wangu. Aliona nikilala hivyo siumii."

"Aliona vizuri. Endeleeni hivyo."

Brigita alisikia, lakini hakutaka kulisikia sana wakati ule. Aliuliza kano ya nyuma inaumizwa na nini.

Daktari alinawa mikono kwanza. Alisema kwamba mguu ukijipinda shimoni, mara nyingi huumia ya mbele, au ya pembeni. Hii ya nyuma kwa kawaida huumia goti likiwa limekunjwa, likapigwa kwa mbele, hapa juu ya muundi, kwa nguvu.

Likapigwa. Brigita aliona rungu kama lililo mbele yake.

"Fimbo inaweza?" aliuliza.

"Inaweza, bibi. Kuangukia jiwe kunaweza pia. Goti linaniambia lilivyoguswa. Haliniambii nani."

Brigita alimgeukia mjukuu wake. Sauti yake ilikuwa ndogo kuliko alivyotaka. Alimwambia kwamba babu Isaya yuko tayari, kwamba chumba chake kiko kama alivyokiacha, kwamba hakuna mtu atakayemcheka. "Sema tu, mama. Alikupiga?"

"Hapana."

"Usimfiche."

"Hapana, Bibi. Kasaine hajawahi kuninyooshea hata kidole."

Akaanza kulia, kilio cha mtu aliyechoka. Daktari alimpa muda. Halafu, kana kwamba kuna kitu alikuwa amekipita, alirudi kwenye mguu mzima, akaugeuza kwenye mwanga wa dirisha. Juu ya muundi, chini tu ya goti, kulikuwa na alama ya zambarau iliyoanza kugeuka manjano, imelala kwa mstari. Akatazama mguu mwingine. Alama kama ile, kubwa zaidi, ambayo Brigita alidhani ni ya uvimbe tu, kwa kimo kile kile. Akaigusa nyonga ya Angelina, akauzungusha mguu, akauliza kama huko kunauma. Hakukuuma.

"Ulikuwa umekaa," alisema. Hakuuliza. "Kwenye gari. Kiti cha mbele. Ninahitaji kujua kwa sababu anayegonga dashibodi kwa magoti anaweza kuumia na nyonga, na sitaki nikuruhusu nyumbani na kitu ambacho sijakitafuta."

Brigita alikuwa akimtazama mjukuu wake, na aliona kitu ambacho hakukitegemea. Msichana mwenye kumwogopa mume angetazama mlango. Angelina hakutazama mlango. Alimtazama yeye, Brigita, kwa hofu ileile aliyokuwa nayo mdogo, siku alipovunja chungu cha kupikia akasimama na vipande mkononi hajui bibi ataumia kiasi gani.

"Gari la nani?" Brigita aliuliza.

Angelina alifuta pua kwa khanga. Akasema, "La mjomba."

Mengine yalitoka yenyewe. Fabian aliwakuta njiani asubuhi, amewashusha wageni lodji, anarudi na gari tupu. Akawaambia pandeni, nawafikisha kwa bibi mmsalimie. Angelina akakaa mbele, Kasaine nyuma. Gari lilinuka pombe, wakadhani ni wageni. Kwenye ukingo wa kreta kulikuwa na ukungu, naye alikuwa anaendesha huku anaimba. Kwenye kona akapitiliza, akaupiga ukuta wa udongo wa kando ya barabara. Gari halikuharibika sana. Fabian alilia kama mtoto. Aliwapigia magoti barabarani, akasema tajiri akijua kabeba watu na kalewa, safari hii hakuna wa kumwombea, na mama akijua atakufa. Akawatungia habari ya ndama. Aliwafikisha hadi barabara kuu ya Daa, akawashusha, akaondoka.

Brigita alikaa. Daktari alimletea maji katika kikombe chake mwenyewe, akasema ngoja nikaandae picha ya goti na nyonga, akawaachia chumba. Hilo nalo bibi aliliona.

"Na huyu," alisema baadaye, akionyesha mlango kwa kidevu, "mbona ananikimbia kama ana deni la damu? Mbona hali kwangu? Mbona anataka nitoke?"

Angelina alimshangaa, machozi yakiwa bado mashavuni. "Bibi, hujui? Kwao mtu hakai na mama mkwe. Hali mbele yake, haingii anapolala, hamwoni binti yake akiwa amefunuliwa. Ni heshima."

"Mimi si mama mkwe. Mimi ni bibi. Bibi anataniwa."

"Nilimwambia hivyo. Akasema aliyemlea mke wangu ndiye mama yake, na kondoo anayepewa mama mkwe siku ya mahari alikuletea wewe. Ulipomwita 'mume wangu mdogo' alikosa raha siku nzima."

Brigita aliweka kiganja mdomoni. Alimkumbuka yule kondoo. Alidhani ni zawadi kama zawadi nyingine, akamchanganya na mbuzi.

Angelina alipopelekwa kupigwa picha, bibi alitoka nje. Kasaine alikuwa mwisho wa benchi. Alianza kuinuka. Brigita alimwomba akae, naye akakaa upande wa pili kabisa, akageuza mwili wake wote mpaka akawa anatazama ukuta uliopakwa rangi ya kijani, mgongo ukiwa umemwelekea kijana. Watu waliopita walimtazama mzee huyu anayeongea na ukuta. Hakujali.

"Angelina ameshasema," aliuambia ukuta. "Kwa nini wewe hukusema?"

Kisha sauti ilitoka nyuma yake, karibu zaidi kuliko alivyowahi kuisikia.

"Ni mtoto wako, mama. Ningekujaje nyumbani kwako, nikae kwenye zizi lako, nikuambie mtoto wako ni mlevi?"

"Yeye alikuwa ananiambia wewe ni mpigaji."

Brigita alisikia shuka ikivutwa, kama mtu anayejifunika zaidi. Alijua kwamba hilo kijana hakuwa akilijua, na kwamba lilikuwa limemwingia. Alitamani kugeuka amwone uso. Hakugeuka.

"Utamchukua mkeo?" aliuliza.

"Kama utaniruhusu."

"Hatachota maji mpaka daktari aseme."

"Nitachota mimi. Watacheka, lakini nitachota."

Picha zilionyesha mifupa mizima. Daktari Inosenti alimfunga Angelina kifaa cha kushikilia goti, akamfundisha kukaza msuli wa paja akiwa amelala, kwa sababu paja likiwa na nguvu litashika kazi ya kano ile wakati inapona. Hakuona haja ya kumpasua kwa sasa. Alitaka amwone tena uvimbe ukishuka, alipime upya. Aliyaeleza yote mara mbili, mara moja ndani kwa Angelina na bibi, mara moja nje kwa Kasaine, bila kuuliza kwa nini.

Brigita alikodi Noah, gari la abiria lililokuwa likipandisha watu hadi geti la Lodoare la kuingilia Ngorongoro, ambako ndugu za Kasaine wangewapokea. Alipanda nao ili awasindikize. Alichagua kiti cha mbele, pembeni ya dereva, ingawa dereva alimwambia nyuma ndiko kuzuri kwa mzee. Nyuma Kasaine alikaa na mkewe, naye Angelina akaulaza mguu mapajani mwa mumewe. Bibi alijua kwa sababu alimsikia akisema, "Hapo, usiusogeze." Barabara ilianza kupanda, vumbi jekundu likaipisha miti, hewa ikapoa. Alikaza shingo yake kutazama mbele.

Simu ililia kabla hawajafika getini. Fabian. Aliiacha ikalia mpaka ikanyamaza, ikalia tena. Mara ya tatu akaipokea, akaiweka sikioni.

"Mama? Shikamoo, mama. Daktari kasemaje? Amekiri huyo?"

Siku nyingine angesikia tu sauti ya mwanawe na kufurahi. Sasa alisikiliza namna maneno yalivyotoka. Aliisikia herufi inayoteleza mwisho wa neno, pumzi inayochukuliwa mahali isipohitajika, uchangamfu uliozidi kidogo saa kama ile ya mchana. Hakuwa na hakika. Aliyakumbuka mazungumzo mengi ya simu ya miezi iliyopita, yote ya furaha, na akajiuliza ni mangapi kati ya hayo aliyasikia bila kuyasikiliza.

"Uko wapi?" aliuliza.

"Kazini, mama. Niko na wageni."

"Gari limesimama au linakwenda?"

Kabla hajajibu, Brigita alisikia injini ikinguruma.

"Simamisha pembeni," alisema. "Uzime. Nataka niisikie ikizima. Halafu unieleze ya asubuhi ile, kuanzia ulipowashusha wageni lodji. Usinitungie ndama. Sema polepole, neno moja moja, niko hapa nakusikiliza."

Akaibana simu sikioni kwa mikono miwili, akafumba macho, akangoja.